Maswali ya wasomaji: Mchezo wetu wa msiba hauchekeshi

SWALI: Kikundi chetu cha Morogoro kina mchezo wa jukwaani wa dakika 20. Mweka hazina wa msiba anachukua rambirambi na kununua runinga ya inchi 55. Mwanzoni watu wanacheka, kufika katikati ukumbi unanyamaza, na wazee wanasema tunamdhihaki marehemu. Tumekosea wapi?

JIBU: Mweka hazina wenu ni mwizi tangu anaingia. Mtazamaji akishamjua mwizi anabaki kumhukumu tu, wala hajioni mle ndani. Tashtiti (kejeli ya kukosoa tabia za watu) ya namna hii inataka mtu wa kawaida anayeteleza kidogo kidogo, kila mara kwa sababu ambayo hata waliokaa viti vya mbele wangeitoa.

Daftari la rambirambi lionekane mapema, na jumla isomwe kwa sauti: 1,400,000. Achukue kwanza 5,000 za bodaboda kufuatilia maturubai. Hapo hakuna wa kumlaumu, na ndivyo inavyotakiwa. Kisha 20,000 za vocha, maana ndiye anayewapigia ndugu wa mbali. Halafu 150,000 za kushikilia runinga, kwa kuwa ofa inaisha leo jioni, keshokutwa atarudisha. Sasa muuzaji agome kurudisha hela. Ili pesa ya marehemu isipotee bure, inabidi amalizie 950,000! Hapa ndipo moyo wa mchezo ulipo, pageuzeni taratibu. Zinabaki 275,000 na jeneza bado.

Boksi la runinga libebwe begani na watu wawili, waombolezaji wasimame na kuvua kofia wakidhani jeneza limefika. Runinga ya inchi 55 ina upana wa kama sentimeta 122, kwa hiyo boksi lake halisi linatosha.

Wazee wana haki. Futeni kila utani unaomgusa marehemu au ugonjwa wake, na binti yake msimpe neno hata moja la kuchekesha. Mweka hazina naye asikonyeze watazamaji wala kubana sauti; anaamini anatenda haki. Mchungaji anayehubiri mwishoni aondoke, kwa sababu anawasamehe watazamaji kabla hawajajiuliza.

Kabla ya kurudi jukwaani, usomeni mbele ya watu wasio wa kikundi na wekeni alama kicheko kinapokatika. Mara nyingi ni pale anaporuka kutoka 20,000 hadi 150,000. Ongezeni simu moja ya muuzaji katikati.