Ghafla, vuu na mara: jibu kwa mzazi aliyeuliza kuhusu insha ya mwanawe

Dada, nimesoma swali lako na majibu yote yaliyotangulia. Naona wengi wamekimbilia kumtetea mwalimu, wengine mtoto, na sentensi yenyewe imebaki pale pale haijaguswa. Kwa mliochelewa kuingia: mwanawe yuko gredi ya sita, na kwenye insha yake ameandika, "Ghafla bin vuu, mwalimu mkuu akaingia darasani polepole, akasimama nyuma yetu." Mwalimu wake amezungushia kalamu nyekundu "ghafla" na "polepole", akaandika pembeni: yanapingana. Dada anauliza kama kweli yanapingana, kama "ghafla bin vuu" ni Kiswahili au ni mapambo ya shuleni tu, na mwisho, iandikwe ghafla au ghafula.

Mimi nimesomesha Kiswahili shule ya msingi hapa Mombasa enzi za KCPE, ule mtihani wa kumaliza shule ya msingi, kisha nikahamia ukalimani mahakamani. Kazi zote mbili zimenikutanisha na neno hili kila wiki, kwa hivyo mniwie radhi nikirefusha.

Mwalimu ameona kweli kwamba kuna kitu hakikai sawa. Ila duara lake amelichora mahali pasipo. "Ghafla" halina ugomvi wowote na "polepole". Linalogombana na "polepole" ni "vuu".

Tuanze na ghafla. Wengi wetu tukiulizwa maana yake tunajibu "haraka sana, bila kutarajiwa", kana kwamba ni kitu kimoja. Chukua mifano ya kila siku uone kama haraka imo. Bei ya unga imepanda ghafla: bei haikimbii. Mzee amefariki ghafla: huenda ugonjwa umemla miaka kumi ndani kwa ndani, ila sisi hatukuwa na habari. Giza limetuingilia ghafla: jua limezama saa ile ile linayozama siku zote, sisi ndio tuliokuwa tumezama kwenye mazungumzo. Katika yote hayo, ghafla haisemi lolote kuhusu mwendo wa bei, ugonjwa wala jua. Inasema juu yetu, kwamba lilipotufika hatukuwa tayari.

Asili ya neno inaonyesha hivyo hivyo. Limetoka kwenye Kiarabu, na huko ghafla ni hali ya kutozingatia, kusahau, moyo kuwa mbali. Waliosoma chuoni, yaani madrasa, watakumbuka Surat al-Qasas, aya ya 15, Musa anapoingia mjini wakati wenyeji wake wamo katika ghafla. Hawana habari naye. Kiswahili tumeichukua maana hiyo nzima nzima kwenye kitenzi: kughafilika. Mtu akikwambia "samahani, nilighafilika", hakwambii alikwenda mbio. Anakwambia akili yake ilikuwa kwingine. Na sheikh akihutubia "tusighafilike na swala", hatukatazi kukimbia. Ghafla na kughafilika ni ndugu, na hata leo bado wanafanana sura.

Sasa haraka. Hili nalo la Kiarabu, lakini huko maana yake ni kutikisika, mwendo. Ndiyo maana tunalo pia "harakati". Haraka iko kwa yule anayekwenda. Upesi vilevile, umetoka kwenye wepesi. Mbio zimetoka kwenye kukimbia. Kasi, hima, chapuchapu, yote ni mwendo wa mwendaji. Ghafla peke yake ndiyo inayomwangalia anayejiwa. Ukilishika hilo, hutachanganyikiwa tena.

Niwape kisa cha mahakamani, maana ndipo nilipoona kwamba jambo hili si la kuchezea. Kesi ya ajali. Hamali wa mkokoteni alikuwa amesimama barabarani ameipa mgongo lango la ghala moja. Lori likatoka kinyumenyume, likamgonga. Alipoulizwa ilikuwaje, akasema, "Lilinijia ghafla." Wakili wa upande wa pili akadakia hapo hapo: mashahidi wote wamesema lori lilikuwa likirudi nyuma mwendo wa kobe, sasa lilikujaje ghafla? Ama shahidi anadanganya, ama mashahidi wenzake wanadanganya. Ilibidi niombe ruhusa ya hakimu nieleze kwamba neno alilotumia shahidi halibebi kasi ndani yake. Limebeba kutojua. Lori linaweza kutambaa na bado likamjia mtu ghafla, kwa sababu yeye ameangalia kwingine. Hakimu akaandika, tukaendelea. Lakini fikirini mkalimani ambaye kila akisikia "ghafla" anatia mwendo mkali kwenye tafsiri yake: maneno ya shahidi yanabadilika, na lawama pia inahama kutoka kwa mtu mmoja kwenda kwa mwingine. Tangu hapo dereva akisema "pikipiki ilitokea ghafla", mimi huwa nasikia pia sauti ya pili ndani yake: mimi sikuwa naangalia.

Kwa hivyo sehemu moja ya sentensi ya mwanao haina dosari. Mwalimu mkuu ameingia polepole, wanafunzi wako kwenye kelele zao, ghafla yuko nyuma yao. Polepole ya mwalimu ndiyo iliyozaa ghafla ya wanafunzi. Angeingia na vishindo wangemsikia toka mlangoni.

Tatizo ni vuu. Hii ni tanakali, neno linaloigiza sauti au tendo, kile ambacho vitabu vya sarufi huita kielezi kiigizi. Tanakali haikuambii kitu kimetokea namna gani, inakufanyia. Vuu ni hewa ikipasuliwa na kitu kinachopita kwa nguvu. Masikioni inakaribiana na kuvuma, ule upepo unaovuma. Kinachosema vuu lazima kiwe na mwendo. Mwalimu anayenyata hasemi vuu, hata wanafunzi wote wawe wamelala.

Tanakali zina tabia za ajabu ambazo sidhani tunawafundisha watoto vya kutosha. Tunawapa orodha wakariri: anguka puu sakafuni, tumbukia chubwi majini, anguka tifu mchangani, anguka pwata matopeni. Orodha ni sawa, lakini hatuwaonyeshi kwamba kila tanakali ina kitenzi chake na mahali pake na haikubali kuazimwa ovyo. Ukisema mtu ameanguka pwata, hakuna haja ya kutaja tope; nimeshaliona, hata limenirukia. Ukisema ameanguka chubwi mchangani, msomaji atasimama akukodolee macho. Vuu nayo inapenda vitenzi vya kupita: pita, toka, ruka, shuka. Churupu inapenda kuponyoka, na hiyo hata ina kitenzi chake, kuchurupuka, kama fyatu na kufyatuka.

Jambo jingine: jaribu kukanusha. "Bei haikupanda ghafla" ni sentensi safi kabisa, gazeti lolote litaichapa. "Hakuanguka puu" je? Inasikika kama kuna mtu ametangulia kusema alianguka puu na wewe unambishia. Jaribu na kuuliza. "Aliondoka ghafla?" ni swali la kawaida la mtu mwenye wasiwasi. "Alipita vuu?" halina njia. Sababu ni kwamba huwezi kuigiza jambo ambalo halikutokea, wala huwezi kuigiza jambo ambalo bado unauliza kama lilitokea. Hiki ndicho kipimo nilichokuwa nikiwapa wanafunzi: ukiona kielezi kinakataa "ha-", kuna uwezekano mkubwa umekamata tanakali.

Basi "ghafla bin vuu" ni nini? Ni Kiswahili, dada, wala usiwe na shaka. Ni mzaha wa nasaba. Huku pwani mtu hutajwa kwa jina la babake, fulani bin fulani, na lugha ikaona ifanye hivyo na hali pia. Ndugu yake mashuhuri ni "hoi bin taabani". Lakini tazama tofauti. Hoi na taabani ni hali ile ile, mtoto kafanana na baba, umesema mara mbili kwa kukazia. Ghafla na vuu hawafanani: mmoja yuko kwa anayejiwa, mwingine yuko kwa anayekuja. Ndiyo maana usemi huu unataka mambo mawili yatimie kwa pamoja, mjiwa awe hana habari na mjaji awe na kasi. Mwewe anaposhuka juu ya kifaranga, hapo ndipo mahali pake hasa. Kifaranga anadonoa zake, mwewe anakuja kama alivyotupwa. Ghafla ya kifaranga, vuu ya mwewe.

Nimesahihisha insha nyingi sana ambamo mvua ya manyunyu ilianza ghafla bin vuu, usingizi ukamchukua mtu ghafla bin vuu, na bibi mwenye mkongojo akatokea ghafla bin vuu. Watoto hawana kosa. Insha ilikuwa na alama 40, na habari ilienea kwamba anayetia nahau na methali nyingi hupata nyingi, kwa hivyo kila mtoto alikuja mtihanini na mzigo wake wa mapambo tayari: kupiga moyo konde, kutoka mguu niponye, na ghafla bin vuu. KCPE ilifanywa kwa mara ya mwisho 2023, lakini mapambo hayakuondoka nayo, kama insha ya mwanao inavyoonyesha. Mimi siyachukii. Mtoto anayejua "mguu niponye" yuko mbele ya mtoto asiyejua. Ninachotaka ni aulizwe: nani alikuwa hana habari hapa, na ni nani alikuwa na kasi? Akipata majibu mawili, aandike. Akipata moja, aache bin vuu, abaki na ghafla peke yake. Mwanao alikuwa na jibu moja.

Kuna mtu hapo juu amependekeza "mara" badala ya ghafla. Inawezekana: "Mara mwalimu mkuu akaingia." Lakini haitoi ladha ile ile. Mara ni ya msimulizi. Ni yeye anayekugusa bega akwambie sikiliza, sasa jambo linakuja. Ndiyo maana haiachani na -ka- ya masimulizi, na ndiyo maana hadithi za nyanya zimejaa mara akatokea, mara akaona, na siku hizi vijana wamezidisha, "mara paap!" Iondoe kwenye masimulizi uone inavyogeuka. "Atakuja ghafla" ni onyo. "Atakuja mara" inaning'inia, unangojea mtu amalize: mara ngapi? Zidisha na ile ya "mara acheke, mara alie", ambayo ni kubadilika-badilika, na "mara moja", ambayo ni mara isiyo ya pili na pia ni sasa hivi bila kuchelewa. Hiyo ya mwisho iangalieni sana kwenye maelezo ya dawa. "Ameze mara moja" mgonjwa ataelewa anavyotaka. Andikeni "mara moja kwa siku" au "ameze sasa hivi". Waliotoa jina la Mara Moja kwa vidonge vya kichwa hapa Kenya wao walijua walichofanya, maana zote mbili zinawauzia.

Nirudi kwa ghafla kidogo kuhusu mahali pa kuiweka, kwa kuwa hapa watu wazima nao hukosea. "Ghafla dereva akafunga breki" inawaweka abiria mbele: walikuwa wametulia, wakashtuka. "Dereva akafunga breki ghafla" inamsogeza dereva mbele, na sasa inaanza kunusa lawama. "Dereva alifunga breki ya ghafla" imeshakuwa aina ya breki, kama unavyosema breki ya mkono. Kwa insha ya kusisimua, mwanzo wa sentensi ndio mahali pake. Kwa taarifa ya polisi, chagua kwa uangalifu.

Swali lako la mwisho, ghafla au ghafula. Yote mawili yamo kwenye kamusi. Biblia ya Union hutumia ghafula, na wazee wengi wa huku Mvita bado wanatamka hivyo, kwa sababu ulimi wetu haupendi konsonanti mbili zigusane bila vokali katikati. Magazeti na vitabu vya shule vimeelemea ghafla. Mtoto achague moja asiichanganye na nyingine katika insha moja. Ila akija kutunga shairi, neno ghafula litamfaa. Hesabu mizani, yaani silabi, ambazo kipande cha mstari kwa kawaida hutaka nane: "Alikuja kwa ghafula" ni nane kamili. Weka ghafla hapo, unabaki na saba na kipande kimevunjika.

Sentensi yake, kama ningeisahihisha mimi: "Mwalimu mkuu aliingia polepole, hatukumsikia. Ghafla tukamwona yuko nyuma yetu." Mwonyeshe mwalimu wake, bila ugomvi.