Maswali ya Wasomaji: Betty Mmoja, Nchi Nyingi

SWALI: Nimeangalia Ugly Betty ya Marekani, kisha nikakutana na tamthilia ya Kihindi yenye kisa kilekile: msichana wa miwani na vyuma vya meno anaajiriwa kampuni ya mitindo. Nani kamuibia mwenzake? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Hakuna mwizi hapo, ndugu msomaji. Zote zimezaliwa na Yo soy Betty, la fea ya Kolombia, iliyoandikwa na Fernando Gaitán na kurushwa na kituo cha televisheni cha RCN kuanzia Oktoba 1999 hadi Mei 2001. Kituo hununua tamthilia ya kigeni kwa njia mbili. Ya kwanza ni kuchukua picha zilizokwisha kupigwa na kuzitia lugha, kama TBC ilivyorusha mwaka 2011 tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou na wakwe zake ikiwa kwa Kiswahili. Ya pili ni kununua haki ya kisa na kukiigiza upya na waigizaji wa nyumbani. Betty imeuzwa kwa njia zote mbili. Wahindi walitoa Jassi Jaissi Koi Nahin mwaka 2003, Wajerumani na Warusi wakafuata 2005, Wamarekani 2006, Wachina 2008, na Afrika Kusini ikaja na uBettina Wethu mwaka 2021.

Kila nchi ilibadilisha ilichotaka. Wamarekani walimfanya Betty binti wa familia ya Kimeksiko ya Queens, New York, baba yake akiandamwa na mambo ya vibali vya uhamiaji. Wachina waliihamishia ofisi kwenye kampuni ya matangazo.

Wengi hudhani kisa kinabebwa na sura. Sisi tunaona kinabebwa na mahesabu. Betty ni mchumi aliyesoma, lakini kwa sura yake anaishia kupewa usekretari. Bosi wake, Armando, anaificha bodi hasara za Ecomoda, kampuni yao ya mitindo, na ili kuinusuru anamtumia Betty kufungua kampuni nyingine, Terramoda, inayoidai Ecomoda. Ghafla mali ya wakubwa iko mikononi mwa sekretari! Armando anaingiwa na hofu ya kupokonywa, na kwa ushauri wa rafiki yake anajitia kumpenda. Penzi lenyewe linaanza kama dhamana ya deni. Yeyote aliyewahi kufanya kazi usiku kucha, sifa zikaenda kwa bosi, anakielewa kisa hiki bila mkalimani. Ndiyo maana tunawaambia waandishi wetu: ukitaka kujifunza kwa Betty, anza na daftari la hesabu, miwani itakuja baadaye.

SWALI: Kwa nini kwenye tamthilia zilizotiwa Kiswahili midomo haiendi na sauti? Ni uzembe? (Msomaji, Dodoma)

JIBU: Uzembe upo, lakini mara nyingi tatizo ni silabi. "Te amo" ya Kihispania ina silabi tatu, na midomo inafungwa mara moja tu, kwenye "m". "Nakupenda" ina nne, na midomo inafungwa kwenye "p". Mwigizaji akianza kwa wakati, "p" inaikuta "m" vizuri kabisa, ila "nda" inabaki inaning'inia mdomo ukiwa umeshatulia. Dawa yake ni kuangalia picha kabla ya kuandika. Uso ukiwa umejaa kioo, tafuta neno fupi au harakisha. Kamera ikimgeukia msikilizaji, au msemaji akiwa ametupa mgongo, hapo ndipo pa kuweka sentensi ndefu.

Kosa linalotuudhi zaidi liko kwenye maana. Kolombia, msomi au mkubwa wa ofisi huitwa "doctor" hata kama hajawahi kushika sindano. Mtafsiri akiandika "daktari", mtazamaji anaanza kuisubiri hospitali. "Bosi" inatosha.

SWALI: Kikundi chetu cha maigizo kinataka kujifunza kazi ya kutia tamthilia Kiswahili. Tuanzie wapi? (Msomaji, Kigoma)

JIBU: Anzeni na kipande cha dakika mbili mlichopiga wenyewe, maana kazi ya mtu inahitaji kibali chake. Andikeni kila sentensi pamoja na sekunde inapoanza na inapoisha. Mrekodini kila mwigizaji peke yake, katika chumba kilichotundikwa mablanketi, maiki ikiwa shubiri moja kutoka mdomoni na kando kidogo ili "p" isiipige kwa pumzi. Programu ya kurekodia iwekeni kwenye 48 kHz, yaani ipime sauti mara 48,000 kwa sekunde.

Muziki na vishindo viwe kwenye faili lao. Vikichanganywa na maneno, mkizima maneno mmezima pia mlango, nyayo na kijiko kinachogonga kikombe, na itabidi mvirekodi vyote upya. Angalieni pia kasi ya picha. Iliyopigwa kwa fremu (picha moja moja) 24 kwa sekunde ikichezwa kwa 25, kipindi cha dakika 40 kinakwisha sekunde 96 kabla ya sauti yenu.