Maswali na majibu: Chichén Itzá kwa siku moja, bila kuumiza mfuko

Baridi ikianza kuuma Marekani na Kanada, maswali ya Cancún, mji wa ufukweni Mexico, nayo huanza kumiminika. Watu wamepata tiketi ya ndege ya bei poa, hoteli wameshalipia, na wanataka siku moja tu ya kuyaona magofu ya Wamaya kabla ya kurudi kazini. Karibu wote wanaulizia Chichén Itzá, mji wa kale wa Wamaya wenye piramidi, kwa hiyo nami nitakaa hapo zaidi.

Nimeona ziara ya Chichén Itzá kwa dola 35, chakula na mwongozaji ndani. Kwenye meza ya ziara hotelini wanataka 95. Hiyo ya 35 ni utapeli? (Houston)

Si lazima iwe utapeli, dada. Ila soma maandishi madogo, kwa sababu mara nyingi bei ya namna hiyo ni ya kukupandisha basi, mengine yanafuata huko mbele. Kiingilio cha Chichén Itzá kwa mgeni kina mafungu mawili: moja linakwenda INAH, taasisi ya serikali inayosimamia mambo ya kale ya Mexico, na jingine kwa jimbo la Yucatán. Ukijumlisha yanapita peso 600, yaani dola 30 na ushee, na hupanda karibu kila mwaka. Ziara za bei ya chini huacha kiingilio hicho nje. Mkishafika barabara kuu, mtu anapita kati ya viti na mashine ya kadi akikusanya anachokiita "ushuru". Dola zako 35 tayari zimekuwa kama 70. Bado soda ya chakula cha mchana, maana chakula kimo lakini kinywaji hakimo, na bakshishi ya dereva na mwongozaji.

Halafu kuna duka. Bei ya chini hufidiwa na kamisheni, kwa hiyo basi litasimama mahali panapouzwa vito vya fedha, mawe meusi ya volkano na karatasi ya magome yenye tarehe yako ya kuzaliwa kwa maandishi ya Kimaya. Hulazimishwi kununua. Unachotoa pale ni muda. Basi limezunguka hoteli kumi likiokota watu, limekaa dukani saa nzima, limewapeleka kula, ndipo mnafika kwenye magofu saa saba mchana, jua la utosini, pamoja na mabasi mengine yote ya pwani. Mnapewa saa mbili, na nusu ya hizo mko nyuma ya mwongozaji.

Kwa hiyo kabla hujatoa kadi, waulize kwa ujumbe wa maandishi ili ubaki na ushahidi: viingilio vyote viwili vimo? Magofu ndiyo kituo cha kwanza au cha mwisho? Basi linapita barabara ya kulipia au ile ya bure inayokatiza vijijini? Ukipata ziara ya dola 70 au 80 inayotangulia magofuni asubuhi, kiingilio kikiwa ndani, ichukue ufumbe macho. Ni bora kulipia saa za asubuhi kuliko bufee.

Na yule kijana wa uwanja wa ndege anayekupa ziara ya bure? Huyo anauza hisa za nyumba za likizo. Utailipa kwa kukaa kwenye kikao cha mauzo asubuhi nzima.

Naweza kwenda mwenyewe bila kampuni ya ziara? Kihispania changu ni cha kuombea maji tu. (Minneapolis)

Unaweza, na maji ndiyo utakayoyahitaji zaidi. Mabasi ya kampuni ya ADO ya moja kwa moja kutoka Cancún hadi magofuni ni machache, tazama ratiba siku moja kabla. Njia ninayoipenda mimi ni kulala Valladolid, mji mdogo wa kikoloni ulio kilomita 45 hivi kutoka Chichén Itzá. Mabasi ya kufika hapo kutoka Cancún ni mengi, na vyumba ni nafuu kuliko pwani. Asubuhi unatembea hadi kwenye kituo cha colectivo, vibasi ambavyo mtu wa Mwenge au Githurai hahitaji kuelezwa: kikijaa kinaondoka. Lango linafunguliwa saa 2 asubuhi. Ukiwa pale saa hiyo utaona uwanja mkuu ukiwa bado na umande, na wachuuzi ndio kwanza wanasukuma mikokoteni yao kuingia.

Mwongozaji usimwache. Chichén Itzá bila maelezo ni mawe mazuri na joto. Langoni wapo waongozaji wenye kitambulisho cha serikali, na wengi wanazungumza Kiingereza. Bei ni ya kikundi, si ya kichwa, kwa hiyo simama kidogo karibu na madirisha ya tiketi, tafuta wageni wengine wawili watatu, mchange. Tembea na peso taslimu. Jioni usichelewe kutoka, colectivo za kurudi huisha mapema.

Ninaishi Dar, nina viza ya Marekani, ninamtembelea dada yangu Atlanta. Tukiamua kwenda Mexico nitahitaji viza nyingine? (Dar es Salaam)

Kwa matembezi, hapana. Mexico inampokea bila viza yake mtu mwenye viza hai ya Marekani, au mwenye ukaazi wa kudumu wa Marekani, Kanada, Uingereza, Japani au nchi za Schengen. Hakikisha tu kwamba viza yako ya Marekani ni ya kuingia zaidi ya mara moja, usije ukakwama Cancún ukitazama ndege. Na ndugu wenye kesi ya hifadhi isiyokwisha Marekani: msitoke nje ya nchi kabla ya kuongea na wakili, hata kama ni kwa siku tatu.

Tiketi inasema tunaondoka Cancún saa 1 asubuhi na kufika saa 2:30. Ramani inasema mwendo ni saa mbili na nusu. Nani anadanganya? (Columbus, Ohio)

Hakuna. Cancún iko jimbo la Quintana Roo, Chichén Itzá iko Yucatán, na Yucatán iko nyuma kwa saa moja. Mkivuka mpaka wa jimbo mnazawadiwa saa, jioni mnairudisha. Ni wakati wa kurudi ndipo panapoumiza: usipange ndege ya usiku siku hiyohiyo.

Nataka kumpeleka mama, ana miaka 68 na magoti yanamsumbua, pamoja na wanangu wawili. Kupanda piramidi kutamshinda. (Toronto)

Mpe mama shikamoo yangu, na mwambie hakuna atakayempita kwenye ngazi, kwa sababu hakuna anayepanda. Piramidi ya Kukulcán, ambayo Wahispania waliiita El Castillo, yaani ngome, imefungwa kwa wapandaji kwa miaka mingi sasa. Inatazamwa kutoka chini. Ardhi ya pale ni tambarare, njia ni za vumbi na changarawe, na mtu wa magoti akitembea taratibu ataona mambo makubwa yote.

Adui yake atakuwa jua. Uwanja wa katikati hauna mti wa kujificha, na Aprili na Mei joto linachoma kweli. Kofia ya pama, mwavuli wa mkononi, maji ya kila mtu wake. Mwache mama chini ya miti ya pembeni wakati nyinyi mnakwenda kwenye kisima kitakatifu, lile shimo kubwa la maji, njia ile ni ndefu na haina lolote hadi ufike mwisho.

Watoto wape hesabu: kila upande wa piramidi una ngazi 91, pande ni nne, ongeza jukwaa la juu. Watapata 365, siku za mwaka. Kisha wasimame mbele ya ngazi za kaskazini wapige kofi moja kali. Mwangwi unaorudi si wa kofi, ni mlio mwembamba unaoteremka, kama wa ndege. Waongozaji husema ni sauti ya quetzal, ndege wa manyoya ya kijani aliyetukuzwa na Wamaya. Kama wajenzi walikusudia hivyo au la, wanangu wasingejali, na wako pia hawatajali.

Mwongozaji wetu alisema mabikira walitupwa kisimani, na kwamba kwenye mchezo wa mpira mshindi ndiye aliyekatwa kichwa. Niamini? (Kansas City)

Nusu nusu, kaka. Tuanze na mabikira. Mwaka 1904 Edward Thompson, aliyekuwa konseli wa Marekani huko Yucatán, alianza kuchimbua matope ya kisima kile kwa mashine. Alitoa dhahabu, jade na mifupa, na vingi vilisafirishwa hadi Chuo Kikuu cha Harvard. Mifupa ilikuwa ya wanaume, wanawake na watoto. Kafara zilikuwepo, hilo halina ubishi, lakini hadithi ya wasichana peke yao ilinoga kwa sababu inauza.

Kilichokuja kugundulika kinasisimua zaidi. Mwaka 1967 lilipatikana tangi la chini ya ardhi karibu na kisima, likiwa na mabaki ya watoto zaidi ya 100. Mwaka 2024 wanasayansi walichapisha matokeo ya vinasaba vya 64 kati yao: wote walikuwa wavulana. Wengi walikuwa na miaka kati ya mitatu na sita, baadhi ni ndugu wa karibu, na wamo mapacha wa kufanana, jozi mbili. Mapacha wana nafasi kubwa kwenye simulizi takatifu za Wamaya, wale ndugu wawili walioshuka kuzimu kucheza mpira na miungu ya mauti. Mwongozaji anayekusimulia hilo badala ya mabikira, mwongezee bakshishi.

Kuhusu mpira: uwanja wa Chichén Itzá una urefu wa mita 168 hivi, na ukutani, chini, kuna mchoro wa kuchongwa. Inama uutazame. Mchezaji amepiga goti bila kichwa, na damu inayoruka shingoni imegeuka nyoka. Mbele yake mwenzake ameshika kichwa hicho kwa mkono mmoja na kisu kwa mwingine. Lakini hakuna maandishi yanayosema nani alishinda. "Mshindi ndiye aliyekufa" ni utamu wa waongozaji.

Akianza habari za viumbe wa anga za mbali, nenda kanunue maji. Na akisema Wamaya walitoweka, mtazame dereva wenu. Mamia ya maelfu ya watu Yucatán wanazungumza Kimaya hadi leo, na wengi wa wanaofanya kazi pale magofuni, kutoka mji wa jirani wa Pisté, wamekulia kwenye lugha hiyo. Waambie "Dios bo'otik", asante, uone nyuso zao.

Wachuuzi wanatushinda. "One dollar, one dollar", ukisogea inakuwa ishirini. (Nashville)

Hilo ni neno la kukuvutia mezani, si bei. Wamejipanga njia nzima, na utasikia muungurumo wa jaguar nyuma yako uruke: ni filimbi ya mbao au udongo, mchuuzi anaipuliza akiwa amekunja viganja. Watoto wataitaka. Uliza bei kwa peso, taja nusu, kutaneni katikati, na ukiwa hutaki sema "no, gracias" bila kusimama. Usikomalie peso 20 za mwisho, hao ndio wanaotembea jua kali kila siku. Vinyago vingi vinavyofanana kabisa si kazi ya mkono. Ukimwona mtu anachonga hapohapo, kile cha kwake ndicho cha kununua.

Siogelei. Kuna haja ya kulipia kituo cha senote? (Boston)

Senote ni shimo la maji baridi lililofunguka baada ya mwamba wa chokaa kuporomoka, na Yucatán haina mito ya juu ya ardhi, maji yote yamo humo. Hata ukikaa ukingoni inafaa kuiona. Ik Kil, iliyo karibu na magofu, maji yako mita 26 hivi chini, unashuka kwa ngazi za mawe, na jaketi la kuokolea ni lazima kwa kila mtu, mjuzi na asiyejua. Kabla ya kuingia utaoga losheni yote itoke. Kama kituo hicho kinakula muda wa magofu, kiache.

Kama hatutaki umati wa Chichén Itzá, twende wapi? (Calgary)

Ek Balam, kaskazini ya Valladolid. Watu ni wachache, na kwenye kaburi la mfalme Ukit Kan Lek Tok' kuna mlango wa plasta uliofinyangwa kama kinywa cha dude lenye meno, wenye sanamu za watu zilizobaki nzima hadi vidole. Tulum ni rahisi kufika, iko juu ya jabali la bahari, lakini ni ndogo, inajaa, na siku hizi viingilio vyake vimeongezeka. Uxmal, magofu mengine ya Wamaya, nendeni mkiwa mmelala Mérida, mji mkuu wa Yucatán.

Tikal, ile ya Guatemala yenye mahekalu yanayochomoza juu ya msitu, ni nzuri kuliko zote hizi, na hekalu la nne bado linapandwa kwa ngazi za mbao. Ila kutoka Cancún si safari ya siku moja kwa barabara, hata tangazo liseme nini. Laleni mji wa Flores, kilomita 65 hivi kutoka magofuni, mpande kibasi cha alfajiri.