Nikigeuka kitandani, dari inazunguka

MUULIZE BIBI DAKTARI
Majibu ya daktari mstaafu wa masikio, pua na koo, Tanga

*Shikamoo Bibi Daktari. Mimi ni fundi cherehani, niko Muheza, miaka 52. Mwezi uliopita nilianguka na bodaboda, kichwa kikagonga chini lakini sikuzimia. Tangu siku ile, nikijilaza na kugeukia kulia, dari inazunguka mpaka nashika godoro. Inakaa muda mfupi, inaacha. Nikigeukia kushoto, salama. Nimepimwa malaria, hakuna. Presha ni 130 kwa 80. Wakasema damu ni ndogo, nikapewa vidonge vya damu na vya kizunguzungu, sioni tofauti. Jirani anasema ni jini. Mke wangu anasema niache bodaboda. Nimsikilize nani?*

Marahaba mwanangu. Kuhusu bodaboda msikilize mkeo, au angalau vaa kofia ngumu. Kuhusu jini, sijapata kusikia la kuchagua bega la kulia.

Barua yako imenifurahisha kuliko fomu nyingi za rufaa nilizowahi kupokea. Umesema kizunguzungu kinaanza ukifanya nini, upande upi, na kinakaa muda gani. Watu wengi wanafika wakisema "nina kizunguzungu" basi, na mhudumu naye anakimbilia presha, malaria na damu. Damu ikipungua utachoka, utaona giza ukisimama ghafla. Lakini haitajali umegeukia kulia au kushoto. Anayejali ni sikio.

Fanya jambo moja kwanza, hapo hapo ulipokaa. Shika jarida hili mbele ya uso, umbali wa mkono, kichwa kitulie. Sasa litikise kushoto na kulia haraka huku unajaribu kusoma sentensi hii. Maandishi yanakuwa ukungu, sivyo? Haya, litulize jarida, tikisa kichwa kwa kasi ile ile kama mtu anayekataa. Unasoma vizuri tu.

Sababu ni hii. Jarida likitikisika, macho yanalifuata kwa kuona. Mwanga uingie, ubongo utambue kwamba herufi zimehama, ndipo utoe amri. Hapo imepita karibu sehemu moja ya kumi ya sekunde na herufi zimeshafika kwingine. Kichwa kikitikisika, wa kwanza kujua si jicho. Ndani ya mfupa, kila upande, kuna mirija mitatu iliyopinda nusu duara, imejaa maji, na kila mmoja umeelekea upande wake: mmoja unahisi kichwa kikigeuka kushoto na kulia, miwili inahisi kikiinama, kikiinuka au kikilala begani. Ukigeuka, mrija unageuka nawe lakini maji yanachelewa, kama chai inavyobaki nyuma ukizungusha kikombe ghafla. Maji hayo yanasukuma kizibo laini cha ute, vinyweleo vilivyomo vinapinda, habari inapanda. Kutoka sikio hadi misuli ya jicho ni seli tatu tu za neva zinazopokezana. Kabla sehemu moja ya mia ya sekunde haijapita sana, macho yamekwisha kuzungushwa kinyume cha kichwa, kwa kiasi kile kile. Kichwa kulia, macho kushoto. Hukuamua, hukufikiri. Bila mpango huo usingeweza kusoma kibao cha daladala huku unatembea.

Sasa tuje kwako. Jirani na mirija hiyo kuna vifuko viwili vinavyopima mwinamo wa kichwa na mwendo wa moja kwa moja, gari linapoondoka au lifti inaposhuka. Ndani yake kuna ute, na juu ya ute zimetandazwa chembe ndogo sana za chokaa zinazoupa uzito. Kichwa kikipigwa, au umri ukienda tu, baadhi hubanduka. Nyingi hudondokea mrija wa nyuma, na huo mtu akilala chali ndio unaokuwa chini. Ukigeukia kulia zinaporomoka ndani ya mrija, zinakokota maji, na sikio linapiga ripoti kwamba kichwa kinazunguka wakati kimelala juu ya mto. Macho hayana habari, yanatii. Yanateleza taratibu upande mmoja na kurudi kwa mruko, tena na tena, na wewe kwa kuwa hujui macho yako yanakwenda, unaona dari ndiyo inayokwenda. Chembe zikitua, mambo yanatulia. Ndiyo maana hakifiki dakika moja.

Muulize mkeo. Akikutazama machoni wakati huo ataona mboni zinaruka, na akiwa makini ataona zinajizungusha kidogo kuelekea sikio lililo chini. Mimi naona hicho ndicho kipimo kizuri kuliko vyote katika kazi yetu, na hakina bei. Wauguzi na matabibu mnaonisoma: mkalishe mgonjwa kitandani, mgeuzie kichwa nyuzi 45 upande mnaoushuku, mlaze haraka kichwa kikining'inia kidogo nje ya ukingo, na *mtazameni macho*. Madaktari Dix na Hallpike walikieleza London mwaka 1952. Sioni kwa nini mtu apelekwe kupigwa picha ya ubongo kabla hajalazwa hivyo.

Ukishathibitishiwa kuwa ni sikio la kulia, dawa yake ni kuzirudisha chembe zilikotoka. Daktari John Epley wa Portland, Marekani, aliibuni njia hii, akabezwa na wenzake kwa miaka mingi, akaichapisha mwaka 1992. Unakaa kitandani miguu imenyooshwa, mto umewekwa mahali mabega yatakapoangukia. Geuza kichwa nusu kuelekea kulia. Jilaze haraka chali, mabega juu ya mto, kichwa kikielekea chini kidogo. Dari itazunguka, vumilia, usifumbe macho. Ikitulia, subiri kama nusu dakika. Bila kuinua kichwa, kigeuze mpaka kielekee kushoto kwa kiasi kile kile. Subiri tena. Kisha lala kwa ubavu wa kushoto, mwili na kichwa vigeuke pamoja, mpaka pua inaelekea sakafuni. Subiri. Mwisho shusha miguu upande huo huo wa kushoto, inuka polepole, kidevu kimeinama. Mara ya kwanza fanyiwa na tabibu au mtaalamu wa fiziotherapia anayejua, kwa sababu uliumia. Shingo yako ikaguliwe kabla hujaipinda. Wengi wanapona kwa mara moja au chache. Zikirudi, na huwa zinarudi kwa baadhi, unarudia.

Vidonge vya kizunguzungu havihamishi chokaa. Vinapunguza kichefuchefu siku mbili tatu za mwanzo, sawa. Ukivimeza miezi, vinaupumbaza ubongo ambao kazi yake ilikuwa kujifunza kurekebisha.

Usisubiri barua yangu wala ya mtu mwingine ikiwa kizunguzungu kinakuja na ulimi mzito, uso kupinda, mkono au mguu kulegea, kuona kitu kimoja viwili, kichwa kuuma kwa ghafla kuliko siku zote, au kushindwa kusimama kabisa. Huo huenda ni kiharusi, na hapo kila saa ina hesabu. Sikio likiziba kusikia ghafla, nalo ni la siku hiyo hiyo.

*

*Bibi Daktari, nilikwenda kusafishwa nta ya sikio kwa bomba la maji. Maji yalipoingia tu, chumba kizima kikazunguka nikatapika. Muuguzi akasema nina woga. Kweli ni woga? Mama wa watoto wawili, Mtwapa.*

Si woga, mama. Maji yalikuwa ya baridi.

Mmoja wa ile mirija umepita karibu kabisa na tundu la sikio. Maji ya baridi yakiingia, maji ya ndani ya mrija upande wa jirani yanapoa, yanakuwa mazito, yanashuka. Yakiwa ya moto, yanapanda. Kwa vyovyote yametembea, na sikio halijui kutembea kwingine isipokuwa kwa kichwa kugeuka. Likayaambia macho vile, na macho yakaenda.

Róbert Bárány, daktari wa masikio wa Vienna, aliligundua hili kwa mgonjwa kama wewe. Mgonjwa alimlalamikia kwamba anapata kizunguzungu pale maji yanapokosa joto la kutosha. Bárány akaagiza yapashwe. Muuguzi akaleta yaliyozidi moto, kizunguzungu kikaja tena, ila safari hii macho yaliruka upande wa pili. Wengine wangeomba radhi na kuendelea na nta. Yeye akakaa akafikiri. Akapata Tuzo ya Nobel ya Tiba ya mwaka 1914, na habari ilimkuta akiwa mateka wa vita Urusi. Mpaka leo tunatia maji ya baridi na ya moto sikioni kwa makusudi, tukitaka kujua kama upande huo uko hai.

Kwa hiyo safari ijayo mwombe muuguzi ayapime: yawe na joto la mwili, nyuzi 37. Na kama sikio liliwahi kutoa usaha au unajua ngoma ina tundu, lisitiwe maji kabisa.

*

*Shikamoo daktari. Nina miaka 34, nafanya kazi ya ualimu Kigoma. Mwaka jana nililazwa na maambukizi makali, nikachomwa sindano za gentamaisini kwa wiki kadhaa. Figo nazo zilikuwa zimesumbua. Nimepona, nashukuru. Lakini tangu hapo nikitembea kila kitu kinarukaruka: nyuso za watu, mabango, wanafunzi. Nikisimama vinatulia. Usiku umeme ukikatika nayumba kama mlevi. Daktari wa macho kasema macho ni mazima. Sina kizunguzungu cha kuzunguka. Nikienda wapi wanielewe?*

Marahaba mwalimu. Barua yako nimeisoma mara mbili, na nakuambia mapema: daktari wa macho kasema kweli, na wewe pia unasema kweli.

Dawa za kuua bakteria za kundi hilo, gentamaisini na streptomaisini zikiwamo, zinaokoa maisha, na zinaweza kuua vile vinyweleo vya sikio la ndani. Figo zikiwa dhaifu dawa hukaa mwilini muda mrefu na hatari inaongezeka. Gentamaisini hasa inaweza kumaliza mizani ya mwili iliyo sikioni huku kusikia kukibaki kuzuri, ndiyo maana hakuna aliyeshtuka. Na kwa kuwa imegusa pande zote mbili kwa pamoja, hakuna upande unaobishana na mwenzake, kwa hiyo dunia haizunguki. Inatikisika tu, kwa sababu kila hatua unayopiga kichwa kinaruka na macho hayana tena wa kuyashika.

Daktari mmoja Mmarekani aliyetibiwa kifua kikuu kwa streptomaisini aliyaandika haya katika jarida la tiba mwaka 1952. Alikuwa hawezi kusoma kitandani mpaka akibane kichwa kati ya vyuma vya kitanda, kwa kuwa mapigo ya moyo peke yake yalitosha kuzirusha herufi. Njiani alilazimika kusimama ili atambue sura ya mtu anayemsalimia. Nadhani hilo la kusimama unalijua; na jirani zako labda wanasema siku hizi mwalimu anaringa.

Nenda kwa daktari wa masikio katika hospitali ya rufaa. Mwombe akufanyie kipimo ambacho watafiti Halmagyi na Curthoys wa Sydney, Australia, walikieleza mwaka 1988: unamtazama puani, anakushika kichwa na kukigeuza kidogo kwa ghafla. Mwenye sikio zima macho yanabaki puani pa daktari. Wako, kama nadhani sawasawa, yatachukuliwa na kichwa kisha yataruka kurudi. Ikiwa ni hivyo, iandikwe kwa wino mwekundu kwenye faili lako kwamba dawa za kundi hilo usipewe tena pale ambapo ipo nyingine.

Vinyweleo hivyo havioti upya, sitakudanganya. Ila ubongo unaweza kufundishwa njia za pembeni. Bandika herufi moja ukutani usawa wa macho, itazame, geuza kichwa kushoto na kulia kwa kasi ambayo bado unaiona safi, dakika moja, pumzika, rudia mara kadhaa kwa siku. Kisha juu na chini. Ikizoeleka, ongeza kasi, kisha fanya ukiwa umesimama, kisha ukitembea. Inachosha na inakera, na wengi wanaiacha wiki ya pili. Usiiache.

Usiku uwe na tochi mfukoni hata kwenda chooni, maana gizani unabaki na nyayo tu za kukushika. Na Ziwa Tanganyika liko mlangoni kwako: usizame chini ya maji, hasa jioni. Mtu asiye na mirija hii akiwa ndani ya maji yenye giza hajui juu ni wapi.

*

*Bibi, kila nikipanda boti ya Dar kwenda Unguja natapika, hasa wakati wa kusi. Huwa najisahaulisha kwa kuangalia simu. Mwanafunzi, Mwanakwerekwe.*

Simu ndiyo inayokumaliza, mjukuu wangu. Sikio linasema tunapanda na kushuka, macho yamezama kwenye kioo kisichotikisika yanasema tumetulia, na ubongo ukikosa wa kumwamini unakulaumu tumbo. Kaa katikati ya boti, ghorofa ya chini, ambako mruko ni mdogo. Au nje penye upepo ukitazama pale mbingu na bahari zinapokutana, ili macho yaone kile kile ambacho sikio linahisi. Kwenye basi, siti ya mbele. Ukishindwa vyote, fumba macho.

Wasiopata kabisa ugonjwa huu ni wale ambao sikio lao la ndani limekufa pande zote mbili. Mwalimu wa Kigoma angekula pilau yake mpaka bandarini Malindi, Unguja, bila wasiwasi, lakini usimwonee wivu.

Kidonge cha safari kinywe kama saa moja kabla ya boti kuondoka. Wengi mnakitafuta tumeshafika kisiwa cha Chumbe, mnakimeza, na baada ya dakika tano kiko baharini.