Umezima fayawoli, na wenzako bado hawaingii

SWALI: Fundi, shikamoo. Mimi na wenzangu watatu tunacheza Project Zomboid, na mimi ndiye ninayehosti. Wakijaribu kuingia kwa anwani yangu ya IP inazunguka weee, mwisho inasema imeshindwa kuunganisha. Nimefungua poti 16261 kwenye ruta, nimezima fayawoli ya Windows na antivirusi, na kompyuta nimeiweka kwenye DMZ kama video moja ilivyoelekeza. Kuna programu ya kufungua NAT nilitumiwa kwenye kundi la wachezaji, nikaisakinisha, ikaandika kwamba NAT yangu sasa iko wazi. Hakuna kilichobadilika. Hata mwenzangu tunayeishi nyumba moja haingii. Nifungue nini kingine?

JIBU: Marahaba. Usifungue kitu kingine chochote. Washa fayawoli na antivirusi sasa hivi, ondoa DMZ kwenye ruta (mpangilio unaoielekezea kompyuta moja kila kinachobisha kutoka nje), halafu ndiyo uendelee kusoma. Ile programu nitaifikia.

Swali lako linanijia kila mara, linabadilika jina la gemu tu. Leo ni Project Zomboid, kesho 7 Days to Die, keshokutwa gemu jingine la mazombi ambalo ndiyo kwanza limetoka. Anayeuliza huwa ameshavua kinga zote alizokuwa nazo, moja baada ya nyingine, kwa kufuata video ya mtu asiyemjua. Na katika yote aliyoambiwa avue, hakuna aliyemwambia aangalie kitu ambacho kingempa jibu kwa dakika mbili, yaani anwani ambayo ruta yake yenyewe imepewa.

Ingia kwenye ukurasa wa ruta, tafuta sehemu iliyoandikwa WAN au Internet, na uiandike pembeni hiyo anwani ya IP. Kisha fungua tovuti yoyote inayokuonyesha IP yako. Namba hizo mbili zikilingana, una anwani ya umma, na kufungua poti, yaani mlango wa namba ambao gemu hupitia, kuna maana. Zikitofautiana, kila ulichofanya kwenye ruta ni kazi bure. Na kama ile ya WAN iko kati ya 100.64 na 100.127, au inaanza na 10 kisha nukta, basi uko nyuma ya NAT (mfumo wa kugawana anwani moja) ya mtoa huduma wako, ile ambayo sisi mafundi tunaiita CGNAT. Ikianza na 192.168, mara nyingi kuna ruta ya pili humo humo ndani kwako, yaani modemu ya mtoa huduma inafanya kazi ya ruta na wewe umeunganisha yako nyuma yake. Hilo la pili unaweza kulimaliza mwenyewe, kwa kuigeuza moja kati ya hizo mbili iwe ya kupitisha tu.

CGNAT haikuletwa kuwatesa wachezaji. Anwani za IP za aina ya zamani, IPv4, ni kama bilioni 4.3 tu kwa dunia nzima, na ghala kuu la IANA, wasimamizi wa anwani hizo duniani, liligawa mafungu yake ya mwisho Februari 2011. Mwaka uliofuata likatengwa fungu maalumu linaloanzia 100.64 kwa ajili ya watoa huduma, ili wateja wengi watumie anwani moja ya umma kwa pamoja. Fikiria nyumba ya kupanga yenye wapangaji mia na geti moja, na mlinzi pale getini hana orodha ya vyumba. Ukimtuma mtu dukani, mlinzi anamwona akitoka, na akirudi anajua wa kumpelekea mzigo. Lakini mgeni akifika bila kuitwa, akasema tu namba ya nyumba, mlinzi hana pa kumpeleka. Kama uko nyuma ya CGNAT, rafiki zako wamekwama kwenye geti hilo, na wewe muda wote huu umekuwa ukivunja mlango wa chumba chako.

Hapa ndipo ninapoishiwa uvumilivu na walimu wa video. Zima fayawoli, wanasema, ndiyo inayozuia. Sawa, wewe uliizima, je, kuna aliyeingia? Hakuna. Jaribio limeshakujibu kwamba tatizo haliko hapo. Fundi anayejua kazi, akijaribu kitu kisifanye kazi, anakirudisha kilivyokuwa kabla ya kujaribu kingine. Hawa wanakuacha na kila kitu kimezimwa, na mwisho wanakuambia u-subscribe.

Sisemi fayawoli haina kosa kamwe. Gemu linapohosti kwa mara ya kwanza, Windows inauliza kama unaliruhusu. Mtu ana haraka ya kuingia mchezoni, anabonyeza Cancel. Windows hailichukulii hilo kama jambo la kuulizwa tena baadaye. Inaandika kanuni ya kuzuia, na kanuni ya kuzuia inaishinda ya kuruhusu, kwa hiyo hata ukiongeza ruhusa wiki ijayo bado mlango umefungwa. Dawa yake ni kuingia kwenye kanuni za fayawoli upande wa miunganisho inayoingia, kuitafuta iliyokatazwa, kuifuta, na kuiruhusu programu hiyo moja tu. Kwa Project Zomboid usishangae kukuta jina la Java badala ya jina la gemu, kwa sababu seva yake inaendeshwa na Java. Angalia pia kama mtandao wako wa nyumbani haujawekwa kama Public, maana ruhusa uliyoitoa kwa mtandao wa Private haifiki huko.

Huyo mnayeishi naye ana shida nyingine kabisa. Amepewa anwani yako ya nje, kwa hiyo kompyuta yake inatoka hadi kwenye ruta na kuomba irudishwe ndani ile ile ilikotoka, na ruta nyingi hazikubali mzunguko huo. Mpe anwani ya ndani ya kompyuta yako, ile ya 192.168 au 10 utakayoipata kwa kuandika ipconfig kwenye Command Prompt ya Windows. Akishindwa hata kwa hiyo, angalia kama hayuko kwenye Wi-Fi ya wageni, kwa kuwa kwa kawaida hiyo inatengwa na vifaa vingine vya nyumbani.

Kuhusu poti, kwa mwenye anwani ya umma: Project Zomboid inataka mbili, 16261 na 16262, zote za UDP, moja ya njia mbili kuu za kusafirisha data mtandaoni; nyingine ni TCP. Wewe umetaja moja, na nina wasiwasi umeifungulia TCP, kwa kuwa ndivyo wengi wanavyofanya. Wakishamaliza wanakimbilia tovuti za kupima poti. Nyingi kati ya hizo hupima TCP peke yake, kwa hiyo poti ya UDP iliyo wazi kabisa itaonekana imefungwa, na hapo mtu anapandwa na hasira na kuiweka kompyuta kwenye DMZ. Na hata ungepima inavyotakiwa, kama seva haijawashwa wakati wa kupima, hakuna wa kuitikia.

Sasa, kama kweli uko nyuma ya CGNAT, njia zipo, na hakuna hata moja inayokutaka uzime kinga. Ya kwanza kujaribu ni kuacha kabisa habari ya kuandika IP. Hosti kutoka ndani ya gemu lenyewe, kisha waalike wenzako kupitia orodha ya marafiki wa Steam. Ikigoma, jengeni mtandao binafsi wa kubuni kwa ZeroTier au Tailscale. Kila mmoja anasakinisha, mnajiunga kwenye mtandao mmoja, na wenzako wanaingia kwa anwani uliyopewa humo, kana kwamba mko chumba kimoja. Inafanya kazi kwa sababu kila kompyuta ndiyo inayoanza kutoka nje, wala haingoji kugongewa. Tailscale nayo hutoa anwani zinazoanza na 100, kwa hiyo ukiiona namba hiyo ndani ya programu yake usidhani ni ile ya WAN tuliyoizungumza.

Vinginevyo, mwombe mtoa huduma anwani ya umma. Wengine wanatoa, baadhi kwa malipo. Au mwenzenu mwenye anwani ya umma ahosti yeye. Au mkodi seva, ambayo ina faida ya kuendelea kuwa hewani hata wewe ukilala. Kuhamia kwenye data ya simu kwa kawaida hakusaidii, kwani mitandao ya simu ndiyo watumiaji wakubwa wa CGNAT.

Matoleo na modi (nyongeza za gemu zinazotengenezwa na wachezaji) nayapitia haraka. Wote muwe na toleo lile lile la gemu: Build 42 ilipotolewa kwa majaribio Desemba 2024 haikuwa na mchezo wa pamoja kabisa, na aliyekuwa ameihamia hangeweza kuingia kwenye seva ya Build 41 hata poti zote zingekuwa wazi. Na mkiona ujumbe kwamba toleo la kitu cha Workshop, sehemu ya Steam ya kupakulia modi, ni tofauti na la seva, mwenye modi ameisasisha wakati seva yako bado inaendesha ile ya zamani. Zima seva, acha Steam ipakue sasisho, iwashe tena. Hapo hakuna cha mtandao wala NAT.

Narudi kwenye ile programu, maana ndiyo inayonitia hofu zaidi.

Kama ni CGNAT, NAT inayokuzuia iko kwenye mitambo ya mtoa huduma. Hakuna programu ya kusakinisha kwenye Windows inayoweza kuigusa. Kikubwa ambacho programu ya uaminifu ingeweza kufanya ni kuiomba ruta yako ifungue poti kwa UPnP, kazi ambayo magemu mengi huifanya yenyewe bila msaada. Kwa hiyo ile ilipokuandikia kwamba NAT iko wazi, ilichofanya ni kuandika maneno kwenye skrini. Jiulize basi ilitaka nini, mpaka ikakuomba ruhusa ya msimamizi na antivirusi ikiwa imezimwa.

Hizi zinazosambazwa kwenye makundi zina kazi inayojulikana. Zinakusanya vidakuzi vya kivinjari na faili za kuingilia za Steam na Discord, zinazituma kwa wezi walioziandaa, na kimya. Nywila yako hawaihitaji. Wanachukua kipindi ambacho tayari umeshaingia, ndiyo maana msimbo wa kuthibitisha unaotumwa kwenye simu hauwazuii. Mara nyingi mwathirika anagundua pale wenzake wanapopokea kiungo kutoka kwa jina lake kikiwaahidi zawadi, na wao wanakibonyeza kwa sababu wanamwamini. Inawezekana kabisa aliyekutumia wewe programu hiyo naye aliibiwa hivyo hivyo, hata hajui kuwa akaunti yake inasambaza kitu.

DMZ ndiyo ndugu yake. Kwa aliye nyuma ya CGNAT haina faida yoyote, na kwa kuwa geti la mtoa huduma limefungwa, madhara yake hayaonekani. Anaisahau. Miezi inapita, anapata anwani ya umma kama nilivyoshauri hapo juu, na siku hiyo hiyo kompyuta yenye fayawoli iliyozimwa inasimama uchi mbele ya mtandao wote. Mei 2017 WannaCry ilienea nchi nyingi kwa siku chache kupitia huduma ya Windows ya kushirikishana faili, poti 445. Haikuhitaji mtu abonyeze kitu. Ilihitaji kompyuta isiyosasishwa inayofikika. Hakuna gemu la mazombi linalotumia poti 445, lakini DMZ inaipitisha pamoja na nyingine zote.

Wala usijidanganye kwamba gemu ni gemu tu. Desemba 2021 iligunduliwa kwamba mtu aliweza kuandika mstari mmoja kwenye gumzo la Minecraft ya Java na kuifanya seva, au kompyuta ya mchezaji, itekeleze amri zake. Kasoro ilikuwa kwenye maktaba ya msimbo iitwayo Log4j, iliyotumika pia katika mifumo mingi ya kazi isiyohusiana na michezo. Seva ya kuchezea nyumbani ni seva kama nyingine. Weka nywila ya kuingilia, usiitangaze hadharani kama mko wanne, na usiiache inaendesha usiku kucha kwa ajili ya mazombi ambayo hakuna anayeyapiga.

Kwa usiku wa leo, acha gemu kwanza. Iondoe hiyo programu, ukague kompyuta nzima kwa antivirusi iliyosasishwa, na kama ina mafaili unayoyategemea nakushauri usakinishe Windows upya, kwa sababu kilichopewa ruhusa ya msimamizi hakiaminiki kwamba kimeondoka chote. Nywila usizibadilishe kwenye kompyuta hiyo kabla haijasafishwa. Ukifanya hivyo unaweza kuwa unawapa na zile mpya. Tumia simu. Anza na barua pepe, kisha Steam, kisha Discord. Kwenye Steam ondoa vifaa vyote vilivyoidhinishwa, na ukague kama kuna ufunguo wa API (unaoipa programu njia ya kufikia akaunti yako) uliosajiliwa kwa jina lako ambao hukuuomba wewe, ukiukuta, ufute. Halafu mwambie aliyekutumia ile programu afanye hivyo hivyo, na umwambie kwa kumpigia, usimwandikie kwenye akaunti ile ile iliyokuletea.