Maswali ya Wasomaji: Hoteli ya Kaloleni na Mboga za Georgia

SWALI: Kwako Mhariri. Nina hoteli ndogo mtaani Kaloleni, Nairobi, yenye meza sita na majiko mawili ya makaa, na huu ni mwaka wa tisa tangu nianze kuwapikia watu chapati, maharagwe, matumbo, na ugali kwa sukuma wiki. Mwezi uliopita mpwa wangu anayeishi Atlanta, katika jimbo la Georgia huko Marekani, alinitumia picha za mkahawa wa Wamarekani Weusi. Ananiambia kwamba chakula chao wanakiita soul food, na kwamba watu wakitoka kanisani Jumapili hupanga foleni hadi barabarani. Sasa ananihimiza nibadilishe bango langu, niandike jina hilo, nipike kuku wa kukaanga na mkate wa mahindi, eti wateja wenye pesa watakuja wenyewe. Picha nimezitazama sana, na kwa macho yangu zile mboga ni sukuma wiki tu. Naomba kueleweshwa chakula hicho ni kipi hasa na kama ninaweza kukipika hapa. Jambo jingine: wateja wangu wengi hula kwa daftari hadi mwisho wa mwezi, naye mpwa wangu anasema mkahawa wa kisasa haukopeshi. Nifanyeje?
Mama Hoteli, Kaloleni

JIBU: Mama, macho yako hayakukudanganya. Mboga zile huitwa collard greens, nazo ni za ukoo mmoja na sukuma wiki, ule wa kabeji zisizofunga vichwa. Tofauti iko jikoni. Sisi tunazikata nyembamba, tunazikaanga kwa kitunguu na nyanya, na baada ya dakika chache ziko kwenye sahani zingali na rangi yake. Kusini mwa Marekani majani hukatwa mapana, yakatiwa katika supu ya nyama iliyokaushwa kwa moshi, aghalabu kifundo cha mguu wa nguruwe, yakaachwa yatokote kwa moto mdogo saa nzima au zaidi mpaka yalainike kabisa, kisha yakatiwa siki na pilipili. Maji yanayobaki hayamwagwi. Yana jina lake mwenyewe, na huliwa kwa kuchovya mkate wa mahindi. Mtu aliyelelewa Nairobi akizionja mara ya kwanza atasema zimepikwa zikapitiliza. Nilisema hivyo mimi pia, nikamaliza bakuli.

Chakula hiki kilianzia kwenye mashamba ya watumwa. Posho ya wiki ilikuwa unga wa mahindi na nyama ya nguruwe iliyotiwa chumvi, mara nyingi vile vipande ambavyo bwana shamba hakuvitaka mezani pake, na watumwa wakaongezea walichopanda katika vibustani vyao na walichovua mtoni. Kunde na bamia zilivuka bahari kutoka Afrika pamoja na watu. Hata jina la gumbo, mchuzi mzito unaosifika New Orleans, huhusishwa na lugha za Kibantu za Angola, ambako bamia huitwa kwa neno linalofanana nalo. Mahindi yalisafiri upande wa pili. Asili yake ni bara la Amerika, na Wareno ndio walioyaleta Afrika, kwa hiyo ugali wako na mkate wao ni watoto wa punje moja. Matumbo unayopika wewe ni ya ng'ombe na yao ni ya nguruwe, lakini sababu ya kuyapika ilikuwa ileile: nyama nzuri ilikuwa imekwisha kuchukuliwa na mwenye uwezo.

Jina lenyewe si la kale. Lilienea katika miaka ya 1960. Kati ya miaka ya 1910 na 1970, takriban Wamarekani Weusi milioni 6 waliondoka Kusini kwenda Chicago, Detroit, New York na miji mingine, wakitafuta kazi na kuukimbia ubaguzi, nao wakafika huko na hamu ya mapishi ya mama zao. Sylvia Woods, mzaliwa wa South Carolina, alifungua mkahawa wake Harlem, mtaa wa New York, mwaka 1962 kwa ajili ya watu wa namna hiyo. Mtu wa Eastlands anayewasili kutoka ushago na gunia la viazi vitamu na kuku aliyefungwa miguu hahitaji kuelezwa hamu hiyo.

Ninalotaka ulitie maanani kuliko mapishi ni jinsi mikahawa ile ilivyopata watu wake. Sheria za ubaguzi za Kusini zilimzuia Mtu Mweusi kuketi meza moja na Mzungu, kwa hiyo mkahawa wa Mweusi ulikuwa karibu mahali pekee ambapo angeweza kula akiwa amekaa chini, akazungumza bila kuchungulia mlangoni. Huko Atlanta anakoishi mpwa wako, ndugu wawili, James na Robert Paschal, walifungua mwaka 1947 kijimkahawa cha viti 30 ambacho hakikuwa hata na jiko. Robert alipika nyumbani kwake, chakula kikaletwa kwa teksi. Sifa yao ilikuwa kuku wa kukaanga. Miaka ya 1960 ilipofika, Martin Luther King na wenzake walikuwa wakifanyia mikutano yao pale, na vijana waliokamatwa katika maandamano walipotoka mahabusu walipewa chakula bila malipo. Huko Montgomery, Alabama, mpishi aliyeitwa Georgia Gilmore alipoteza kazi kwa sababu ya kuunga mkono mgomo wa 1955 na 1956, ambapo Weusi walikataa kupanda mabasi ya mji kwa sababu ya ubaguzi. Yeye na kina mama wenzake waliuza kuku, keki na pai, pesa wakazipeleka kwenye mikutano ya mgomo, na kikundi chao wakakipa jina lenye maana ya kwamba kimetoka pasipojulikana, ili anayeulizwa pesa zimetoka wapi ajibu bila kusema uongo. Mgomo ule ulidumu siku 381, na magari yaliyowabeba watu kwenda kazini yalihitaji petroli kila siku. Sehemu ya petroli hiyo ilitoka katika sufuria za wanawake wale.

Kwa hiyo, Mama, foleni ile ya Jumapili haikuletwa na bango. Nawe uko Kaloleni, mtaa uliojengwa katika miaka ya 1940 kwa ajili ya wafanyakazi Waafrika, wakati ambapo hoteli nyingi za katikati ya mji hazikumruhusu Mwafrika aingie kama mteja, na ukumbi wake ulikuwa jukwaa la wanasiasa waliodai uhuru. Una historia ya kutosha kwenye mtaa wako. Sioni sababu ya kuazima ya jimbo la Georgia na kuiandika ukutani. Tena ukilitafsiri jina hilo, ukaandika "Chakula cha Roho", wapita njia watadhani umefungua kanisa.

Kupika, pika. Kuku wa gredi umkate vipande, umlaze usiku kucha katika maziwa lala yenye chumvi na pilipili, asubuhi umgaagaze kwenye unga wa ngano na kumkaanga katika mafuta mengi ya moto wa wastani. Mkate wa mahindi hauhitaji tanuri: koroga unga wa mahindi na ngano kidogo, mayai, maziwa lala, mafuta na baking powder, umimine katika sufuria nzito iliyopakwa mafuta na kupashwa moto, kisha ufunike na kupalia makaa juu ya kifuniko kama watu wa Pwani wanavyooka mkate wa kumimina. Moto wa chini uwe hafifu, wa juu uwe mkali. Na kwa sukuma wiki, mahali pa nguruwe nilijaribu aliya, nyama ya ng'ombe inayokaushwa na Waluo. Niliiloweka, nikaichemsha saa moja na nusu kabla ya kutia majani, na supu iliyobaki ilikuwa nyeusi kiasi, yenye harufu ya moshi, na jirani yangu aliyekuja kuomba kiberiti aliketi. Anza na siku moja kwa wiki, Ijumaa kwa mfano, usiwaondolee wateja wako maharagwe waliyoyazoea.

Kuhusu daftari, mpwa wako amekosea. Nilipokuwa kibarua katika Eneo la Viwanda, mwajiri mmoja alituchelewesha mshahara, na mama mwenye kibanda aliniandikia deni kwa wiki tano. Nilipolipwa nilimlipa yeye kabla ya kodi ya nyumba, na hadi leo nikipita pale naingia hata kama nimeshiba. Lakini kukopesha kuna masharti yake. Andika mbele ya mteja naye atie sahihi. Weka kiwango ambacho ukikipoteza chote bado utanunua unga kesho. Na aliyepitisha mwezi bila kulipa mpe chai na maneno mazuri, usimpe sahani. Ndugu wale wa Atlanta waliweza kulisha bure kwa sababu waliuza sana kwanza.

SWALI: Mhariri, mimi ni Mwislamu. Ndugu yangu anayesoma Chicago anasema mikahawa ya namna hii iko karibu na chuo chake, naye amezoea kuagiza mboga na kunde tu ili aepuke nguruwe. Je, anafanya sawa?
Msomaji, Eastleigh

JIBU: Hapana, na afadhali umemuuliza mtu kabla hajazoea zaidi. Kama nilivyomweleza Mama wa Kaloleni, katika upishi wa jadi mboga na kunde ndivyo hasa vinavyochemshwa na nguruwe, hata kama kipande chenyewe kimetolewa sufuriani. Wapishi wengi siku hizi hutumia bata mzinga aliyekaushwa kwa moshi, kwa hiyo aulize bila haya ni nyama gani iliyoingia, na kama ni ya halali. Katika Chicago hiyohiyo, Elijah Muhammad, aliyeongoza Nation of Islam, kundi la kidini la Wamarekani Weusi, aliwakataza wafuasi wake nguruwe na sehemu kubwa ya vyakula hivi, na badala ya pai ya viazi vitamu wakapata pai ya maharagwe meupe, tamu, yenye mdalasini, ambayo bado inauzwa. Aitafute, ingawa hata hiyo aulize ganda lake limekandwa kwa mafuta gani.