Wasomaji Wanauliza: Huyu Ping Lacson ni mtu wa aina gani?

SWALI: Habari za kazi mhariri, mimi na shemeji yangu tumebishana wiki nzima kuhusu huyu seneta wa Ufilipino anaitwa Panfilo Lacson, shemeji anasema ni polisi msafi kuliko wote waliowahi kutokea kule, mimi nimesikia aliwahi kuitoroka nchi akisakwa kwa mauaji. Nani yuko sahihi? Alafu polisi anakuwaje jenerali, si hiyo ni ya jeshini? Na kama anapendwa hivyo mbona urais kaukosa mara mbili?

JIBU: Ndugu msomaji, wote wawili mko sahihi na ndo maana mmebishana wiki nzima.

Nianze na ujenerali maana huo ni mwepesi. Lacson, ambaye kwao wanamwita Ping tu, alizaliwa 1948 Imus, mkoa wa Cavite, baba dereva wa jeepney, yaani daladala za kule, na mama muuza sokoni. Akasoma chuo cha kijeshi, Philippine Military Academy, akamaliza 1971. Yaani kimsingi alianza kama mwanajeshi, ila akapangwa Konstabulari, kikosi cha jeshi kilichokuwa kinafanya kazi za kipolisi. Mwaka 1991 kikosi hicho kikaunganishwa na polisi wa miji ikawa polisi moja ya taifa, wale maofisa wakaingia nayo, na watu wakaendelea kuwaita majenerali. Yeye alifika juu kabisa, akawa mkuu wa polisi wa nchi nzima kuanzia 1999 mpaka mwanzoni mwa 2001, enzi za Rais Joseph Estrada.

Sasa usafi. Mwaka 1981 binti wa tajiri John Gokongwei alitekwa, kikosi alichokiongoza Lacson kikamuokoa, baba mtu akataka kutoa zawadi ya pesa, Lacson akakataa. Hebu fikiria mshahara wa ofisa wa kawaida wa wakati ule alafu mtu tajiri vile anakuletea pesa kwa shukrani, wala siyo rushwa, na unasema hapana! Alipokuwa mkuu wa polisi akaivalia njuga ile tabia wanayoiita kotong, askari kusimamisha magari barabarani wapewe kitu kidogo, na madereva wa jeepney na wa malori ya mboga ndo walioona nafuu ya kwanza. Mtoto wa dereva anayajua hayo toka nyumbani. Akapiga marufuku hata vitambi, kiuno cha askari kisizidi inchi 34. Na alipoingia Seneti kulikuwa na fungu la maendeleo, kila seneta anapangiwa peso milioni 200 kwa mwaka aelekeze anakotaka, yeye akawa halichukui, miaka kabla Mahakama ya Juu haijaja kusema Novemba 2013 kwamba fungu lenyewe ni kinyume cha katiba. Kwa hapo shemeji yako namuunga mkono kabisa.

Lakini pesa ni kitu kimoja na damu ni kitu kingine, na hapa ndo watu wengi wanachanganya. Mei 1995 watu 11 waliosemwa ni wa genge la ujambazi la Kuratong Baleleng waliuawa na polisi Commonwealth Avenue, Quezon City. Polisi wakasema ni majibizano ya risasi, wengine hata ndani ya polisi wakasema watu walikuwa wameshakamatwa wakauawa tu. Lacson alikuwa kati ya maofisa walioshtakiwa, kesi ikafutwa, ikafufuliwa, ikafutwa tena, mpaka Mahakama ya Juu ikaifunga 2012. Alafu Novemba 2000, yeye akiwa ndo mkuu wa polisi, Salvador Dacer, mtu mkubwa wa mambo ya uhusiano wa umma, na dereva wake Emmanuel Corbito walitekwa Manila wakauawa, na walioshtakiwa kwanza ni maofisa wa kikosi maalum alichokiongoza yeye. Lacson amekana siku zote kwamba aliamuru.

Kutoroka ni kweli. Januari 2010, akiwa seneta, akaondoka nchini kabla hati ya kumkamata kwa kesi hiyo ya Dacer haijatoka, na akasakwa kupitia Interpol, mtu ambaye maisha yake yote alikuwa yeye ndo anasaka. Alisema ni kisasi cha Rais Gloria Arroyo, na kisasi chenyewe kilikuwa na mahali pa kuanzia, maana 2003 alisimama Seneti akamtuhumu mume wa rais kwamba anaficha pesa kwenye akaunti za jina la Jose Pidal. Alikaa mafichoni zaidi ya mwaka, Mahakama ya Rufaa ikafuta mashtaka mapema 2011, akarudi Machi, Arroyo akiwa keshatoka madarakani. Kwahiyo kisheria hana hatia yoyote. Ila mimi inaniuma kwamba familia ya yule dereva Corbito, mtu aliyekuwa kazini kwake tu, haikupata kusikia mahakama ikichambua ushahidi kuhusu bosi wa wale maofisa mpaka mwisho, na yeye mwenyewe Lacson angefaidika kuliko mtu yeyote kama kesi ingesikilizwa yote akashinda.

Urais sasa. Seneti ya kule ina viti 24, nusu vinagombewa kila baada ya miaka mitatu, na mpiga kura mmoja anachagua hadi majina 12 ya nchi nzima. Kwahiyo hata kama kwako Lacson ni wa tisa bado kura yako anaipata. Ndo maana kashinda 2001, 2007, 2016 na tena 2025. Urais unachagua jina moja. Mwaka 2004 upinzani uligawanyika kati yake na mcheza filamu Fernando Poe Jr., wakazungumza waungane ikashindikana, Arroyo akamshinda Poe kwa kura kama milioni 1.1, na Lacson peke yake alikuwa na zaidi ya milioni 3! Piga hesabu mwenyewe. Mwaka 2022 ilikuwa mbaya zaidi, chama chake mwenyewe kilimwacha Machi kikahamia kwa mgombea mwenzake, Leni Robredo, kura ni Mei, akaendelea kama mgombea binafsi akawa wa tano, hata milioni moja hakufika.

Msalimie shemeji.